Mchanga wa yadi yangu una leseni, serikali imeubeba. Bado ni wangu?

"Wakili, salaam aleikum. Nina yadi ya vifaa vya ujenzi hapa Malindi, kando ya barabara ya kwenda Mambrui. Nauza mchanga, kokoto na mawe ya kuchonga. Leseni ya biashara ya kaunti ninayo, ya mwaka huu, kwa jina langu. Mchanga nanunua kwa kikundi cha wachotaji upande wa Magarini, na tipa likiingia huja na risiti ya sesi, ule ushuru wa mzigo. Wiki iliyopita walikuja maafisa wawili waliovaa kiraia, pamoja na polisi na tingatinga. Wakasema mchanga wangu umechotwa kinyume cha sheria karibu na daraja la mto Sabaki. Walibeba rundo lote, tipa kumi na nne, kwa siku mbili. Karatasi hawakuniachia. Mlinzi wangu aliwaona tipa tatu wakimwaga kwenye barabara inayotengenezwa huku ndani. Sasa naambiwa nikitoa laki moja na nusu ya kumaliza maneno nitaachiwa, nisipotoa nitapelekwa kortini. Jirani yangu anasema nisiogope, mwenye leseni haguswi, niende Mahakama Kuu moja kwa moja nidai fidia ya Katiba. Nifanyeje? Mchanga bado ni wangu au umeshakuwa wa serikali?"

Wa alaykum salaam, dada yangu. Pole kwa yaliyokufika. Mali uliyoinunua ikipakiwa mbele ya wateja na majirani unapata hasara mbili kwa mpigo, ya fedha na ya jina, na Malindi maneno hufika sokoni kabla mwenyewe hujafika.

Umeuliza kama mchanga bado ni wako na mlango gani wa mahakama ubishe. Yote mawili nitayajibu. Lakini lipo la tatu ambalo hukuliuliza, nalo ndilo linaloniharakisha: mchanga unaougombania unapungua kila siku. Ng'ombe akikamatwa ana alama yake. Mchanga ukishamwagwa barabarani na kushindiliwa, hakuna hakimu atakayeweza kuamuru urudishiwe. Utabaki kudai thamani yake, na kuidai serikali pesa ni safari ndefu, nitakueleza hapa chini. Kwa hiyo tuushike mchanga kwanza, ubishi wa sheria utafuata.

Ukimaliza kusoma hapa, nenda kituo cha polisi uandikishe jambo hili kwenye OB, daftari la matukio la polisi. Usiende kumshtaki mtu wizi. Sema tu kwamba mali yako, mchanga wa kiasi fulani, imechukuliwa kwenye yadi yako tarehe fulani na watu waliojitambulisha kuwa maafisa, na polisi walikuwepo, nawe unataka kujua iko wapi. Kisha uliza kama lile zoezi lenyewe liliandikwa. Kama mchanga ulishikwa kuwa ushahidi wa kosa, patakuwa na maandishi: nani ameukamata, kwa kosa gani, umewekwa wapi. Kama hayapo, hilo nalo ni jibu kubwa, na ombea lipatikane mapema.

Keti na mlinzi wako aandike, au umwandikie asome na kutia sahihi, alichokiona kwa macho yake: saa, nambari za tipa, mahali palipomwagwa. Kumbukumbu ya mlinzi baada ya miezi sita hairandani na ya leo, na wakili wa upande wa pili hilo analijua vizuri. Piga picha za ile barabara, na mandhari ionekane nyuma ili pasiwe na ubishi ni wapi. Halafu kabla hujamwaga mzigo mpya, tazama pale rundo lilipokuwa. Bado pana alama chini: udongo umelowa tofauti, ukingo wa rundo unaonekana, na nyayo za tingatinga zipo. Mwite fundi au mpima apime kwa futi urefu na upana, aandike, apige picha futi ikiwa chini. Tipa kumi na nne ni hesabu ya mlinzi. Vipimo, pamoja na taarifa ya M-Pesa ya malipo yako kwa kile kikundi, ndivyo vitakavyoigeuza kuwa ushahidi.

Baada ya hapo andika barua. Lakini kwa nani? Hapa ndipo swali lako lina pengo. Umesema maafisa wawili waliovaa kiraia. Hukusema wa wapi. Kesi za namna hii zina sura tofauti kabisa kwa kutegemea aliyekuja. Anaweza kuwa mkaguzi wa NEMA, mamlaka ya kitaifa ya mazingira, ambaye Sheria ya Mazingira ya 1999 inamtaka ajitambulishe anapofanya kazi yake. Anaweza kuwa afisa wa kaunti anayefuata ushuru au kibali. Anaweza kutoka wizara inayosimamia madini. Wanaweza kuwa polisi wenyewe wakichunguza kosa. Na wapo, nasikitika kusema, wanaotumia jina la ofisi bila ofisi kuwatuma. Kila mmoja ana sheria yake, mipaka yake, na mlango wake wa rufaa. Usipomjua aliyekuchukulia, utamshtaki asiyehusika, na kesi itatupwa hata kama haki ni yako.

Kwa hiyo andika barua moja, nakala ziende kwa OCS (mkuu wa kituo cha polisi), ofisi ya NEMA ya kaunti ya Kilifi, na idara husika ya kaunti. Uliza manne tu: nani aliamuru, kwa sheria gani na kifungu gani, mchanga umewekwa wapi, na kwa nini hukupewa notisi wala nafasi ya kujieleza. Malizia kwa kutaka usitumike wala kuhamishwa mpaka jambo liamuliwe. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki ya kutendewa na ofisi za umma kwa njia halali na ya haki, na kupewa sababu kwa maandishi pale hatua yao inapokuumiza. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 imefafanua haki hiyo. Na ukitaja kwamba unaomba taarifa pia chini ya Sheria ya Kupata Habari ya 2016, ofisi inatakiwa kukupa uamuzi ndani ya siku 21. Kila ofisi ikupigie muhuri wa kupokea kwenye nakala yako. Barua isiyo na muhuri ni kama haikuandikwa.

Sasa tuje kwenye swali lenyewe, na nianze kwa kumkatalia jirani yako. Leseni yako ya biashara haithibitishi kwamba mchanga ni wako. Inathibitisha kwamba unaruhusiwa kuuza bidhaa kwenye yadi ile. Risiti ya sesi nayo inathibitisha kwamba mzigo fulani ulilipiwa ushuru ukipita. Hakuna kati ya hizo mbili inayosema mchanga ulitoka wapi na kama aliyeuchota alikuwa na ruhusa. Wafanyabiashara wengi huzitundika ukutani na kudhani ni kinga. Serikali ikija kwa hoja ya asili ya mchanga, hazijibu swali hilo.

Mchanga ukiwa bado ardhini au mtoni, si wako, si wa kikundi, na mara nyingi hata si wa mwenye shamba. Katiba, kifungu cha 62, inahesabu mito, madini, na eneo la ufuo lililo kati ya maji kujaa na maji kupwa kuwa ardhi ya umma. Sheria ya Madini ya 2016 inautaja mchanga miongoni mwa madini ya ujenzi, na inasema madini ni mali ya Jamhuri, yanashikiliwa na serikali ya kitaifa kwa niaba ya wananchi. Anayechota kwa kibali, mahali paliporuhusiwa, huugeuza ule mchanga kuwa bidhaa yake halali, na akikuuzia unakuwa mali yako kama mfuko wa saruji ulivyo mali yako. Anayechota bila kibali hana alichokigeuza. Na Sheria ya Uuzaji Bidhaa inafuata msingi mmoja mkavu: asiye mwenye mali hawezi kukuuzia umiliki asiokuwa nao, hata kama wewe umelipa bei kamili kwa nia njema.

Ndiyo maana jibu la swali lako liko Magarini, kwenye faili la kile kikundi. Je, wana kibali cha kuchota? Kibali hicho kinataja eneo gani? Tathmini ya athari za mazingira ilifanywa, na leseni ya NEMA ya mahali hapo ipo? Miongozo ya Kitaifa ya Uchotaji Mchanga ya 2007 inataka mchanga uchotwe sehemu zilizotengwa, na inazuia uchotaji karibu na madaraja kwa sababu nguzo zikiondolewa mchanga unaozishikilia, mto hufanya kazi iliyobaki. Aliyewahi kuuona Sabaki ukijaa baada ya mvua za bara hahitaji kushawishiwa. Waombe nakala za karatasi zote. Wakikupa, kesi yako imepata uti wa mgongo. Wakianza kukuzungusha, ujue mapema, kabla hujatumia pesa za wakili kutetea kisichoteteka.

Maafisa nao wana mzigo wao. Wanasema mchanga umetoka karibu na daraja. Wamejuaje? Kwa rangi? Kwa kuutazama tu, mchanga wa Malindi humdanganya hata mwenye uzoefu. Mchanga wa matumbawe, kama ule mweupe wa upande wa Watamu, ukiutia asidi hutoa povu kwa sababu ni chokaa. Wa Sabaki haufanyi hivyo, maana umeletwa na mto kutoka mbali bara. Lakini mto huo huo ndio unaolisha fukwe za kuanzia Malindi kwenda Mambrui, kwa hivyo mchanga wa mtoni, wa ufuoni na wa shimoni kule Magarini unaweza kufanana kwa sura. Chumvi itawatenganisha kidogo, nayo husafika ukinyeshewa na mvua miezi miwili. Afisa anayeapa kwamba ametambua rundo zima kwa jicho anastahili kuulizwa maswali mengi sana. Lakini wakiwa na picha za tipa lile lile likipakia pale darajani na baadaye likimwaga kwako, hali ni nyingine.

Jambo jingine linaloniumiza kichwa kwenye maelezo yako ni hilo neno "rundo lote". Ulikuwa unamwaga kila mzigo juu ya mwingine. Tuseme tipa kumi zilitoka sehemu halali na nne hazikutoka. Nani atazitenganisha? Utakachokuwa nacho ni daftari la kuingiza mzigo: tarehe, nambari ya tipa, dereva, nambari ya risiti ya sesi, alikotoka. Kama daftari lipo, linaweza kuokoa sehemu kubwa ya mchanga hata ikithibitika kwamba baadhi ni haramu. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na sijui kama walikuwa wakimfikiria muuza mchanga, lakini wangeweza. Kuanzia sasa, marundo mawili au matatu, kila moja na chanzo chake.

Je, mchanga umeshakuwa wa serikali? Hapana, bado. Kukamata mali na kutaifisha mali ni vitu viwili. Polisi au mkaguzi anaweza kukamata kitu anachoamini kimehusika na kosa, lakini kukiondoa kabisa mikononi mwako kikawa cha serikali ni kazi ya mahakama. Sheria ya Mazingira inampa hakimu anayesikiliza shtaka uwezo wa kuamuru vitu vilivyotumika katika kosa vichukuliwe na serikali. Afisa hapewi uwezo huo barabarani. Na mali inaposhikwa kuwa ushahidi, Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai, kifungu cha 121, inasema inaweza kuzuiwa mpaka kesi au uchunguzi umalizike, huku ikitunzwa kwa uangalifu unaostahili. Kama hakuna aliyeshtakiwa, mahakama huagiza kirudishwe kwa aliyechukuliwa, isipokuwa kuwe na sababu ya kisheria ya kufanya vingine.

Sasa rudi kwa mlinzi wako na zile tipa tatu. Ikiwa ni kweli mchanga uliokamatwa ulimwagwa kwenye barabara ya umma, basi haukutunzwa, na hakuna mahakama iliyoamuru utumike. Hapo ndipo penye nguvu zaidi katika kesi yako kuliko leseni zote ulizotundika. Serikali haiwezi kusema kwa pumzi moja kwamba mchanga ni ushahidi wa kosa na papo hapo kuujengea barabara. Kama ulikuwa halali, hiyo ni mali ya raia iliyotumika kwa faida ya umma bila malipo, na kifungu cha 40 cha Katiba kinakataza hivyo: kinataka fidia ya haki, kamili na ya haraka. Lakini soma kifungu hicho mpaka mwisho. Kifungu kidogo cha 6 kinasema ulinzi huo haufiki kwenye mali iliyobainika kupatikana kinyume cha sheria. Tunarudi tena Magarini.

Kuna kisa cha India ninachokipenda kwa sababu kinaonyesha karatasi zinavyoweza kuwa na nguvu. Mwaka 2017, shehena ya mchanga ulioagizwa kutoka Malaysia ilizuiwa na serikali ya jimbo la Tamil Nadu baada ya kufika bandari ya Thoothukudi. Mwagizaji alienda Mahakama Kuu ya Madras, na mahakama ikaamua upande wake. Alikuwa na njia ya mchanga wake imeandikwa tangu ulikotoka, haikuanzia getini kwake.

Ile laki moja na nusu, dada yangu, usitoe. Faini ya kosa hutozwa na mahakama. Pale ambapo sheria inaruhusu jambo limalizwe kwa malipo bila kesi, malipo hayo yana kifungu, yana hati, yanaingia akaunti ya serikali na yanatoa risiti yenye nambari. Hayatumwi kwenye simu ya mtu. Ukitoa fedha kienyeji umepata hasara tatu: mchanga haujarudi, umejitia kwenye hatari ya Sheria ya Hongo ya 2016 ambayo humshika mtoaji pamoja na mpokeaji, na kesho ukienda mahakamani utaulizwa ulilipa kwa nini kama hukuwa na kosa. Hifadhi jumbe na rekodi ya simu walizokupigia. Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi ina ofisi hapa Malindi, na kwenda kuuliza hakutozwi kitu.

Tuzungumze milango sasa, na hapa jirani yako amekosea kwa jambo ambalo hata mawakili hukosea. Mabishano kuhusu mazingira, madini na rasilimali za asili yamewekwa na sheria chini ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi, na Katiba inaizuia Mahakama Kuu kusikiliza yaliyotengewa mahakama hiyo. Iko hapa hapa Malindi, wala huna haja ya kupanda basi. Ukiingia mlango usio wako, utasubiri miezi uje uambiwe mahakama haina mamlaka, na mchanga umeshaota nyasi.

Hata huko si lazima uwe mlango wa kwanza. Kama waliochukua ni NEMA, na wametoa amri au uamuzi, rufaa yako inakwenda Baraza la Rufaa la Kitaifa la Mazingira, na una siku 60. Mahakama za Kenya zimeshikilia tangu kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume ya 1992 kwamba sheria ikiweka njia maalumu ya malalamiko, njia hiyo ifuatwe kwanza. Ile Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inaruhusu kuruka hatua hiyo kwa sababu za kipekee, kwa ombi. Mali inayotumika na kupotea siku kwa siku yaweza kuwa sababu hiyo, lakini lazima uiombe na uithibitishe, usiichukulie tu.

Kama ni polisi na hakuna mashtaka yaliyofunguliwa, njia nyepesi kuliko zote ni ombi kwa hakimu hapa hapa mahakama ya Malindi: apewe taarifa ya mali iliyozuiwa, aamuru ipigwe picha, ipimwe, ichukuliwe sampuli, na iliyobaki irudishwe kwako, pengine kwa dhamana ya maandishi kwamba utaileta au utailipia ikihitajika. Kwa mtazamo wangu hapa ndipo kesi nyingi za mchanga zingeishia kama watu wasingekimbilia makubwa. Kielelezo cha mchanga hakihitaji kuwa tipa kumi na nne. Ndoo moja iliyofungwa lakiri na picha nzuri vinatosha.

Ikiwa ofisi hazijibu na mchanga unaendelea kubebwa, basi ndiyo, ombi la kikatiba kwenye Mahakama ya Mazingira na Ardhi, pamoja na ombi la haraka la amri ya kuzuia usitumike. Amri hiyo inaweza kutolewa mapema, kabla ya kesi yenyewe kusikilizwa, kama hati yako ya kiapo ina vipimo, picha, maelezo ya mlinzi na karatasi za kikundi. Ukienda na leseni ya biashara peke yake, utaambiwa umpelekee karatasi mwenzako na msubiri.

Fidia nimeiacha mwisho kwa makusudi. Kesi ya madhara dhidi ya serikali ina muda wa miezi 12 tu tangu tukio, tofauti na miaka mitatu ambayo watu wameizoea. Ukishinda, huwezi kutuma dalali kukamata gari la serikali. Sheria ya Mashauri ya Serikali inakataza, na kinga hiyo inazihusu kaunti pia. Unachukua cheti cha hukumu, unakipeleka kwa mhasibu wa ofisi husika, na asipolipa unarudi mahakamani kuomba amri ya kumlazimisha. Nimewaona watu wakizeeka na vyeti hivyo. Kwa hiyo piga hesabu kwa ukweli. Tipa kumi na nne za mchanga ni fedha, lakini kesi ya kikatiba ikiburutwa inaweza kula karibu zote. Ombi kwa hakimu halili hivyo. Ndiyo maana nakusukuma kwenye kupata mchanga wenyewe, au uliobaki, kabla ya kufikiria hundi.

Na yupo mdaiwa mwingine ambaye jirani yako hakumtaja: kikundi kilichokuuzia. Katika uuzaji wa bidhaa kuna sharti, hata lisipoandikwa, kwamba muuzaji ana haki ya kuuza anachokuuzia. Ikibainika mchanga ulikuwa wa darajani, una haki ya kudai fedha zako kwao. Dai la namna hiyo, likiwa halizidi shilingi 1,000,000, linaweza kusikilizwa na Mahakama ya Madai Madogo, ambako mambo huenda kwa kasi na hata bila wakili. Najua ni watu mnaofanya kazi nao, pengine ni jamaa. Lakini kama wamekuingiza kwenye shimo wakijua, wao pia wana sehemu ya kubeba. Zungumzeni kwanza, mbele ya mtu mzima mnayemheshimu wote, na yaandikwe.

Kwa wasomaji wa Lamu watakaopitia hapa, mzani wenu una uzito mwingine. Mchanga wa vilima vya Shela umehifadhiwa kwa sababu ndio unaochuja mvua na kulisha visima vya maji ya mji. Mchanga ukithibitishwa kuwa umetoka huko, sioni leseni ya yadi inayoweza kuutetea, na singechukua ada yako kujaribu.

Kwako wewe, dada, mpaka hapa unaweza kufanya mwenyewe: OB, vipimo, maelezo ya mlinzi, barua na nakala zake, na safari ya Magarini. Tafuta wakili ana kwa ana mara moja ikiwa utaitwa kuandikisha taarifa polisi kama mshukiwa, ukipewa samansi, ukikuta notisi yoyote ya NEMA imebandikwa yadi, au ukigundua karatasi za kikundi hazipo. Katika hali hizo usieleze lolote kuhusu mchanga ulikotoka kabla hujakaa naye. Una haki ya kunyamaza, na kuitumia si dharau. Kama ada ni kikwazo, uliza Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria iliyoanzishwa kwa sheria ya 2016, au Kituo cha Sheria kilicho na ofisi Mombasa.

Unapokwenda kwa wakili, usibebe hadithi. Beba daftari la mizigo, risiti zote za sesi zikiwa zimepangwa kwa tarehe, taarifa ya M-Pesa, nambari ya OB, nakala za barua zenye mihuri, na yule mlinzi. Mlipe siku yake ya kazi, maana anaweza kuitwa zaidi ya mara moja.